Merlin na Jina la Mama

Jina la Merlin, kwa kadiri wanaisimu walivyolifuatilia, halikuanza kuwa jina la mtu. Lilianza kuwa jina la mahali. Warumi walipoitawala Uingereza palikuwa na mji kusini-magharibi mwa nchi ya Wales ulioitwa Moridunum, na maana yake katika lugha ya wenyeji ilikuwa ngome ya baharini. Karne zikapita, Warumi wakaondoka, vinywa vya watu vikalilainisha jina hilo hata likawa Myrddin, na maana yake ikasahaulika. Wakaongeza mbele yake neno Caer, ambalo nalo ni ngome, mji ukaitwa Caerfyrddin: ngome ya ngome ya bahari. Kisha wakajiuliza, kama ilivyo ada ya watu kila mahali, huyo Myrddin mwenye ngome alikuwa nani? Swali likamzaa mtu.

Wapenzi wa Kiswahili hawatapata taabu kulitamka. Ile dd ya Kiwelsh ni dh yetu ya dhahabu na dhiki. Wala wasistaajabu kuona Myrddin imegeuka fyrddin ilipotanguliwa na Caer, na f hiyo husomwa kama v yetu. Sisi tunaosema ulimi kisha ndimi, ukuta mrefu kisha nyumba ndefu, tumezoea neno kubadili uso likikaa karibu na jingine. Waingereza ndio hushangaa.

Kwa miaka mitatu sasa nimekuwa nikitunga utenzi juu ya mtu huyu ambaye hakuwapo. Malenga mmoja ninayemheshimu, mzee wangu katika fani, amenikataza mara mbili. Hoja yake ni fupi: utenzi ni chombo cha kuwasimulia mashujaa na watu wa haki, mchawi hapewi utenzi. Naandika makala haya kwa sababu hoja hiyo si ya kupuuzwa, na kwa sababu katika nyumba tuliyozaliwa swali la mtu ajuaye wakati halikuwa la vitabuni tu.

Myrddin wa mwanzo hakuwa mchawi. Alikuwa mshairi. Mapokeo ya Wales yanamweka katika vita vya Arfderydd vya mwaka 573, huko kaskazini, ambako bwana wake Gwenddoleu aliuawa. Akili ikamruka. Akakimbilia msitu wa Caledonia, akaishi na wanyama, na humo msituni akaanza kuyaona yajayo. Mashairi anayosemeshwa yamehifadhiwa katika Kitabu Cheusi cha Carmarthen, mswada wa katikati ya karne ya 13. Katika moja anazungumza na mtufaha. Katika jingine anazungumza na kitoto cha nguruwe. Hana fimbo ya miujiza wala kofia ndefu. Ni mtu aliyewaona wenzake wakifa siku moja, asiyeweza tena kukaa na watu, na anayesema na mti kwa kuwa mti haumuulizi kitu. Ujuzi wake wa nyakati ni sehemu ya maradhi yake.

Aliyemgeuza kuwa huyu tunayemjua ni kasisi mmoja, Geoffrey wa Monmouth, aliyeandika kwa Kilatini historia ya wafalme wa Uingereza karibu na mwaka 1136. Jina Myrddin kwa Kilatini lilipaswa kuwa Merdinus. Geoffrey akaandika Merlinus. Mwanazuoni wa Kifaransa Gaston Paris alidokeza sababu ya kuibadili sauti hiyo moja: wasomaji wa Geoffrey walikuwa mabwana wasemao Kifaransa, na katika Kifaransa Merdinus ingeanza kwa neno la mavi. Kama dokezo hilo ni la kweli, basi jina la mchawi mashuhuri kuliko wote limetokana na adabu ya mezani. Watunzi tunaopindapinda neno ili lisiharibu kina tutamwelewa Geoffrey.

Geoffrey alikopa pia kisa cha zamani zaidi, kutoka kitabu cha karne ya 9. Mfalme Vortigern alikuwa akijenga mnara, na kila kilichojengwa mchana kilimezwa na ardhi usiku. Wenye hekima wake wakamwambia atafute mtoto asiye na baba, amchinje, damu yake inyunyizwe kwenye msingi. Mtoto akapatikana. Alipofikishwa, badala ya kulia akawauliza wale wenye hekima: chini ya msingi huu kuna nini? Wakanyamaza. Akaamuru pachimbwe. Likaonekana ziwa, na ziwani majoka mawili, jeupe na jekundu, yakipigana. Jekundu ndilo hilo lililomo katika bendera ya Wales hadi leo.

Kisa hiki mimi nakipenda kuliko vyote vinavyomhusu. Mtoto analetwa kuchinjwa, naye anaokoka kwa kuuliza swali. Laiti habari zake zingeishia hapo, mzee wangu asingekuwa na neno.

Haziishii hapo. Katika kitabu hichohicho Mfalme Uther anampenda Ygerna, mke wa Gorlois, mtawala wa Cornwall. Gorlois anamficha mkewe katika ngome ya Tintagel juu ya mwamba wa bahari. Merlin anampa Uther dawa za kumgeuza sura awe kama Gorlois mwenyewe, na usiku huo anaingia chumbani. Mume anauawa vitani usiku uleule. Mwanamke anamkumbatia mgeni akidhani ni mumewe. Hivyo ndivyo Arthur anavyotungwa mimba. Wasimulizi wengi wanapita haraka hapa, wakitamani kumfikia Arthur. Mimi nimekaa na Tintagel kwa beti arobaini na mbili, kwa kuwa katika mambo yote anayolaumiwa Merlin hili ndilo asiloweza kulisingizia majaaliwa. Ygerna hakuulizwa. Na la kushangaza, baada ya usiku huo Merlin anatoweka katika kitabu cha Geoffrey. Hakutani na Arthur hata mara moja. Ule urafiki wa mwalimu na mfalme kijana uliongezwa na waandishi waliofuata.

Geoffrey alimrudia karibu na mwaka 1150, safari hii kwa shairi refu la Kilatini juu ya maisha yake, na hapo akamrejesha msituni kwa mshairi yule mwehu. Huenda ni kwa sababu hii shairi hilo lina sauti ya kweli zaidi. Humo Merlin anacheka. Analetwa mjini kwa minyororo, anaona jani katika nywele za dada yake Ganieda, ambaye ni malkia, anacheka. Mfalme anapombana sana anasema: jani hilo limeshika nywele zake alipolala vichakani na mwanamume mwingine. Siku nyingine anamwona ombaomba langoni, anacheka: ombaomba amekaa juu ya hazina iliyofukiwa naye hajui. Kisha anamwona kijana anayenunua viatu pamoja na vipande vya ngozi vya kuvitilia viraka siku vitakapochakaa, anacheka tena. Watu wanatumwa kumtafuta kijana yule, wanamkuta amekufa maji.

Kicheko hicho kimenisumbua. Mtu anayemcheka kijana mwenye viatu vipya kwa kuwa anajua hatavivaa, ni mtu wa namna gani? Nilipoanza kutunga nilimchukia. Baadaye nikaona kwamba hacheki kwa hiari. Kila mara analazimishwa kueleza, na kila mara malipo ya maelezo yake ni kuruhusiwa kurudi msituni. Anauza anachokiona ili aachwe asione watu.

Ugomvi juu yake ulianza mapema. Mwishoni mwa karne hiyo ya 12 mtawa mmoja wa Yorkshire, William wa Newburgh, aliandika dibaji kali dhidi ya Geoffrey akimwita mtungaji wa uongo aliyezivika ngano joho la Kilatini ili zionekane historia. Juu ya Merlin alikuwa na hoja ya kielimu: shetani hayajui yajayo, hukisia tu, basi mwana wa shetani atayajuaje? Mfaransa Robert de Boron, karibu na mwaka 1200, ni kama aliyelitafutia swali hilo jibu. Katika masimulizi yake mashetani walikusudia kuzaa adui wa Kristo kwa msichana mchamungu, lakini mama akaungama na mtoto akabatizwa mara alipozaliwa. Kutoka kwa baba yake mtoto akarithi ujuzi wa yote yaliyopita. Mungu naye, kwa ajili ya wema wa mama, akampa ujuzi wa yajayo. Jibu hilo ni zuri, tena lina hekima ambayo wasomaji wengi hawaitazami: yaliyopita yametoka kwa shetani, yajayo yametoka kwa mama.

Ila jibu hilo halikufuta lawama. Thomas Malory, ambaye kitabu chake kilichapwa na Caxton mwaka 1485, anasimulia kwamba Merlin alimwambia Arthur kuwa atakayemwangamiza ni mtoto aliyezaliwa siku ya kwanza ya Mei. Arthur akaagiza watoto wote wa wakuu waliozaliwa siku hiyo waletwe, wakatiwa jahazini, wakasukumwa baharini. Jahazi likavunjika. Wakafa watoto, akaokoka mmoja: yuleyule aliyetakiwa afe, Mordred. Malory anaongeza jambo ambalo wengi hulisahau, kwamba wazazi wengi walimlaumu Merlin kuliko walivyomlaumu Arthur. Aliyetoa amri alikuwa mfalme. Aliyelaumiwa ni aliyejua. Na Merlin huyohuyo alijua pia kwamba yeye mwenyewe angezikwa hai. Alimwambia Arthur. Arthur akamuuliza, kama ambavyo yeyote angeuliza: ikiwa unajua, kwa nini usijikinge kwa ujuzi wako? Akajibu kwamba haiwezekani. Akamfuata Nimue, binti aliyempenda, akamfundisha siri zake moja baada ya nyingine, mpaka siri ya mwisho ikawa mlango wa jiwe uliofungwa juu yake.

Hapa ndipo ninapomjibu mzee wangu kwa mara ya kwanza. Utendi wa Fumo Liyongo tunaujua sote. Liyongo naye alikuwa na siri ya kifo chake, sindano ya shaba kitovuni, na alipoulizwa na mwanawe alitambua kwamba kijana ametumwa. Akamwambia hata hivyo. Yule mwana muuaji amo katika utendi na ana beti zake, wala hatujamsikia mtu akisema kwamba utendi unamsifu. Kuwamo katika utenzi si kusifiwa.

Hoja yake ya pili ni nzito zaidi, nayo ni ya neno. Merlin kwa Kiswahili ni nani? Nikimwita mchawi nimekwisha kumhukumu kabla ya ubeti wa kwanza, maana mchawi kwetu hana kazi nyingine ila kudhuru. Nikimwita mganga nimemsafisha: mganga hutibu, na Ygerna hakutibiwa. Mpiga ramli hana mchanga wa kupigia. Kahini lina harufu ya masanamu. Mwaguzi linakaribia, kwa kuwa kuagua ni kufumbua lililofichika, lakini mwaguzi husubiri kuendewa, na Merlin hujiendea mwenyewe. Mnajimu? Katika lile shairi la Kilatini anamwomba dada yake amjengee nyumba msituni yenye milango sabini na madirisha sabini ili azitazame nyota, na waandishi sabini wa kuyaandika atakayosema. Mtu wa madirisha sabini anastahili kuitwa mnajimu. Ila mnajimu anahesabu, na Merlin hahesabu, anaona. Nimejaribu maneno yote haya. Kila neno linampa maisha tofauti.

Najua uzito wa neno moja kwa sababu ya babu yangu mzaa mama. Alikuwa mtu wa falaki, huko Pangani. Waliomhitaji walimwita mwalimu. Waliomwogopa walimwita jina jingine, na mara nyingi walikuwa watu walewale kwa saa tofauti za siku. Manahodha walimjia wapate siku ya kutweka tanga. Wazee walimjia wapate siku ya harusi. Vitabu vyake vilikuwa na mambo mawili yaliyochanganyika kama maji chumvi na maji tamu kwenye mlango wa mto: kurasa za hesabu za mwandamo wa mwezi, nyakati za sala, bamvua na maji mafu, ambazo hakuna shehe angezikataa, na kurasa za nyota za watu, ambazo mashehe wengi walizikataa waziwazi.

Aliyefika kwake hakuulizwa shida yake kwanza. Aliulizwa jina lake na jina la mama yake. La baba halikutakiwa. Watu husema baba hutajwa, mama hujulikana. Majina hayo mawili yaligeuzwa tarakimu kwa hesabu ya abjadi, kila herufi na thamani yake, zikajumlishwa, kisha ikatolewa kumi na mbili, na kumi na mbili tena, hadi ikabaki namba isiyozidi kumi na mbili. Kilichobaki ndicho nyota ya mtu. Bila jina la mama hakuna hesabu. Mtu asiyejua jina la mama yake hana nyota.

Mama yangu mdogo alipoolewa, siku ilichaguliwa na upande wa mume. Babu, aliyewachagulia siku watu wa mji mzima, hakufungua kitabu. Mama mdogo alifariki katika uzazi wake wa kwanza, yeye na mtoto. Mtaani wakasema mzee alijua, akanyamaza. Wengine wenye kinyongo cha zamani walisema mabaya zaidi ya hayo, na maneno yao yalifika mpaka shuleni kwetu. Babu hakujibu. Alipofariki, mjomba wangu mkubwa, aliyekuwa amerudi kutoka masomoni na msimamo mkali juu ya mambo haya, alivitoa vitabu uani akavichoma vyote. Alikuwa na hoja: ghaibu ni ya Mungu. Sibishani naye kwa hilo. Lakini moto haukuchagua kurasa, na hesabu za mwezi na maji ziliteketea pamoja na za nyota.

Miaka mingi baadaye nilimuuliza bibi kama babu alijua. Alikuwa akichambua mchele, hakuuacha. Akasema, "Mwanangu, babu yako amewapigia hesabu watu wote wa mji huu. Wanawe hakumpigia hata mmoja. Alikuwa akisema, jina la mama yao ni lako, na hesabu yenye jina lako mimi sitaki kuuona mwisho wake." Kisha akaniambia nisogee, nimemzibia mwanga.

Kwa hiyo mji ulimhukumu kwa kujua, ilhali aliloweza kuhukumiwa nalo, kama lipo, ni kukataa kujua. Merlin anaona na hazuii. Babu alifumba kitabu. Sijaamua ni yupi aliyewapenda zaidi watu wake, na utenzi wangu haulazimiki kuamua.

Nilikuwa nimebeba maneno hayo ya bibi kwa muda mrefu nilipomsoma T. H. White, Mwingereza aliyezaliwa Bombay mwaka 1906. Riwaya yake ya kwanza juu ya utoto wa Arthur ilitoka mwaka 1938, na mkusanyo mzima mwaka 1958. Merlyn wake, ambaye yeye humwandika kwa y, anaishi kinyumenyume. Amezaliwa katika siku zijazo naye anarudi kuelekea zilizopita, huku watu wote wengine wakimjia kutoka upande wa pili. Hatabiri, anakumbuka. Yatakayompata Arthur kwake ni ya jana. Kuna mahali anapokutana na Arthur mtoto kwa mara ya kwanza, anauliza kama amekwisha kumwambia jambo fulani, mtoto anamjibu kwamba wamefahamiana nusu saa tu, na mzee anatokwa na chozi. Kwa mtoto ni mwanzo. Kwa mzee muda waliobakiwa nao pamoja unakaribia kwisha.

Wengi husema dhana hii ni ngeni. Mimi naona Kiswahili kinaijua kwa namna yake. Yajayo kwetu ni siku za usoni, yaliyopita tumeyaacha nyuma; hapo tunatembea kama Waingereza. Lakini mtu akifa tunasema ametangulia. Wazee waliokufa zamani, ambao kwa hesabu ya kwanza wangekuwa nyuma kabisa, ni waliotutangulia; wako mbele, nasi tunawafuata. Katika sentensi mbili za mazungumzo ya msibani Mswahili huweza kumweka babu yake nyuma na mbele bila kujikwaa. Anayesema lugha ya namna hii hahitaji kuelezwa sana mtu anayekumbuka kesho. Kibaya zaidi kwa mtunzi ni viambishi: Merlyn wa White akisema nilimwona, anamaanisha ambacho sisi tungesema nitamwona, na nimehangaika majuma mazima nikitafuta ubeti ambamo -li- na -ta- zingeweza kubadilishana viti bila msikilizaji kudhani nimekosea sarufi.

Sasa sikia alichokifanya White. Arthur kijana, asiyejua ametoka wapi, anakutana na Morgause, anazaa naye Mordred. Morgause ni dada yake kwa mama. Arthur hakujua, kwa sababu Merlyn, aliyemfundisha habari za samaki na ndege na sheria na vita, alisahau kumwambia jambo moja: jina la mama yake. Anakumbuka usiku mmoja, akiwa safarini mbali, na katika ule mkanganyiko wake wa jana na kesho hajui tena kama amekwisha kusema au bado, linamponyoka, analala.

Nilipofika hapo nilifunga kitabu nikatoka nje. Mwandishi wa Kiingereza ambaye sijui kama aliwahi kuisikia hesabu ya abjadi ameweka maangamizi ya ufalme mzima mahali palepale ambapo babu alianzia na kila mgeni. Swali la kwanza. Jina la mama yako nani?

Nawawekea beti mbili kutoka sehemu hiyo, bado ni rasimu, mizani naamini imetimia:

Aliona ya mbeleni
na ya nyuma ya zamani
ila pingu ya moyoni
hakuweza kufungua.

Akasahau jinale
mama wa kijana yule
msiba ukaja mbele
na nyumba ikaungua.

Kuhusu neno la kumwitia, nimeamua kutolitumia lolote kwa mkupuo. Watu ndani ya utenzi watamwita kila mmoja lake: Vortigern atamwita mwaguzi, wazazi wa watoto wa jahazini watamwita mchawi, Arthur atamwita mwalimu. Msimulizi atamwita Mirdhini, silabi tatu, na dh yake.

Nimebakiwa na sehemu ya mwisho, ambayo naitoa katika lile shairi la Kilatini la Geoffrey. Merlin amepona wazimu lakini hataki kurudi mjini. Ganieda, yuleyule aliyefedheheshwa kwa jani la nywele, amefiwa na mumewe na amemfuata kaka yake msituni. Siku moja roho ya utabiri inamshukia yeye. Anasimama, anasema habari za vita na miji itakayozingirwa, na wote wanashangaa. Merlin anamwambia kwamba roho imekifunga kinywa chake na kukifungua cha dada yake, naye anafurahi kwa hilo. Hasemi tena. Kwa kuwa sehemu hiyo ni ya Ganieda, nimeiandika kwa nafsi ya kwanza, na nimempa jina la mama yao. Katika vitabu sikulikuta popote, hivyo nimelazimika kumtungia.